Kiwavi na Bei ya Mti

Nondo anayezungumziwa hapa hana sifa ya kumfanya mtu ageuke kumtazama. Ni mdogo, mabawa yake yakikunjuliwa yana upana wa karibu sentimita mbili na nusu, rangi yake ni kijivu iliyochanganyika na kahawia, na maisha yake ya kuruka huishia ndani ya wiki mbili hivi za kiangazi. Hata hivyo, tangu katikati ya karne iliyopita serikali za mashariki mwa Kanada zimemwandalia ndege, sumu, maabara na mafungu ya bajeti ambayo mtu angetazamia kuyakuta katika wizara ya ulinzi. Katika vitabu vya sayansi anaitwa Choristoneura fumiferana. Brackenridge Clemens, mtaalamu wa wadudu wa Marekani, ndiye aliyemwandika kwa mara ya kwanza mwaka 1865. Kwa wakazi wa huko ni kiwavi wa machipukizi ya sprusi, na habari zake husimuliwa kama habari za uvamizi: msitu ulikuwa salama, mdudu akaja, watu wakajihami. Naona masimulizi hayo yamepinda tangu mwanzo. Nondo huyu hakuvamia popote. Kilichobadilika ni thamani ya mti anaoula, na anayefuata bei ya mti huo ataona ni lini, na kwa faida ya nani, mdudu alipewa jina la adui.

Tuanze na maisha yake, maana ugomvi wote umesimama juu yake. Mwezi wa Julai jike hutaga mayai yapatayo 200, kwa mafungu mafungu, kwenye majani membamba kama sindano ya miti jamii ya misonobari. Mti anaoupenda kuliko yote ni firi ya balsamu. Sprusi, licha ya kumpa jina, huja baadaye. Viwavi wanaoanguliwa hawali kitu. Hujisukia kijumba cha hariri katika ufa wa gamba la mti na kulala humo majira yote ya baridi, wakati theluji imefunika nchi na kipimajoto kimeshuka nyuzi 30 chini ya sifuri. Mwezi Mei wanaamka pamoja na machipukizi mapya na kuanza kuyatafuna, wakikua hatua kwa hatua hadi hatua ya sita, ambayo peke yake hula kuliko zilizotangulia zote. Katika miaka ya kawaida ni wachache mno, na mtu anaweza kukagua mti mzima asimpate hata mmoja. Lakini kila baada ya miaka 30 hadi 40 hivi idadi yao hupanda maelfu ya mara, na msitu ukaonekana kutoka mbali kama ulioungua. Wakulima wa Afrika Mashariki wanawajua viwavijeshi, wanaoingia shambani ghafla na kumaliza kazi kwa majuma machache. Huyu ana subira zaidi: hurudia mti uleule mwaka hadi mwaka, na firi iliyoliwa vibaya kwa miaka minne au mitano mfululizo hufa.

Chini ya firi hizo zinazokufa kuna jambo ambalo wageni hawalioni upesi. Sakafu ya msitu imejaa miche midogo ya firi hiyohiyo, iliyokwama kivulini kwa miongo, mingine ikiwa na umri wa mtu mzima na kimo kisichofika magotini. Wazee wao wakianguka, mwanga unaingia, nayo inaondoka kwa kasi. Msitu unaozaliwa unafanana sana na ule uliokufa. Gordon Baskerville, mtaalamu wa misitu wa jimbo la New Brunswick, aliandika makala mwaka 1975 akimpa kiwavi huyu cheo cha bwana misitu mkuu, kwa kuwa hufyeka na kupanda upya kwa ustadi ambao idara za serikali hazijaufikia. Kumbuka jina la Baskerville. Tutakutana naye upande mwingine wa hoja.

Je, tunajuaje kwamba mzunguko huu ni wa kale? Ushahidi wa kwanza uko ndani ya miti yenyewe. Mti ulioliwa majani hukua kidogo, na pete ya mwaka huo huwa nyembamba. J. R. Blais alitumia sehemu kubwa ya maisha yake akisoma pete hizo katika misitu ya Quebec, na akaonyesha milipuko ya karne ya 18 na ya 19, kabla ya kiwanda chochote cha karatasi. Baadaye watafiti walihamia kwenye boriti za nyumba na majengo ya zamani yaliyojengwa kwa sprusi, wakarefusha kumbukumbu hiyo hadi karne ya 16. Wengine wamezama chini zaidi, kwenye matope ya sakafu za maziwa, ambako magamba madogo ya mabawa ya nondo hubaki bila kuoza kwa maelfu ya miaka. Kote humo habari ni ileile: idadi inapanda, inashuka, inapanda tena. Wenyeji wa asili wa kundi la Wabanaki, wakiwemo Wamikmaq ambao kwa vizazi walitibu vidonda kwa utomvu wa firi, waliishi ndani ya mzunguko huu muda mrefu kabla ya meli ya kwanza ya Wazungu kutia nanga.

Sasa tazama jinsi walowezi walivyoupokea. Katika karne ya 18 na nusu ya kwanza ya karne ya 19, utajiri wa misitu hiyo ulikuwa msonobari mweupe, mrefu na mnyoofu, uliotafutwa na jeshi la majini la Uingereza kwa milingoti. Napoleon alipoifungia Uingereza njia ya mbao za Baltiki, mito ya New Brunswick ilijaa magogo yaliyokuwa yakielekea Liverpool. Kiwavi wetu si adui wa msonobari mweupe. Firi ilikuwa takataka: mbao zake laini, zinaoza upesi, hazikuwa na mnunuzi. Mlipuko wa mwanzoni mwa karne ya 19 ulipita na kuacha maandishi machache mno. Hata Alpheus Packard alipoandika katika miaka ya 1880 juu ya sprusi zilizokufa pwani ya Maine, maandishi yake yalikuwa ya msomi anayechunguza ajabu ya maumbile. Hakuna aliyetoa fedha kumzuia mdudu, kwa kuwa hakuna aliyekuwa akipoteza fedha.

Kisha ikaja karatasi. Magazeti ya miji ya Marekani yalikuwa yakinenepa, vitambaa vikuukuu havikutosha tena, na viwanda vikajifunza kusaga na kupika mbao kuwa rojo. Mti uliofaa kwa rojo ulikuwa ule wenye nyuzi ndefu na rangi nyeupe: sprusi kwanza, na firi ikichanganywa nayo. Quebec ilipiga marufuku mwaka 1910 kuuza nje magogo ghafi ya karatasi kutoka ardhi ya serikali, New Brunswick ikafuata mwaka 1911, na Marekani ikaondoa ushuru wa karatasi ya magazeti kutoka Kanada. Viwanda vikahamia kwenye mito ya kaskazini. Kwa miaka michache tu, mti uliokuwa takataka ukawa dhamana ya mikopo ya benki. Na ndani ya miaka hiyohiyo mzunguko ukafika zamu yake: mlipuko wa miaka ya 1910 ukasafisha firi kutoka Quebec hadi Maine. Safari hii maandishi hayakuwa machache. Serikali ya shirikisho ilituma wataalamu, na mwaka 1924 J. M. Swaine na F. C. Craighead wakachapisha uchunguzi wao, ambao hadi leo unasomeka vizuri. Hawakupendekeza sumu. Walisema tatizo ni wingi wa firi iliyokomaa, na dawa ni kuivuna mapema na kuipunguza msituni.

Katika kundi hilo la wachunguzi wa mwanzo alikuwepo John Tothill, aliyeongoza maabara ya wadudu mjini Fredericton na kushughulika na nyigu na nzi wanaotaga mayai ndani ya viwavi. Msomaji wa Uganda huenda analijua jina hilo kwa njia nyingine. Kutoka New Brunswick Tothill alikwenda Fiji, ambako mwaka 1925 aliongoza kazi ya kuleta nzi kutoka Malaya ili kumaliza nondo aliyekuwa akiangamiza minazi, kisha akawa Mkurugenzi wa Kilimo wa Uganda kuanzia mwisho wa miaka ya 1920, na akahariri kitabu kikubwa cha kilimo cha nchi hiyo kilichotoka mwaka 1940. Simtaji kwa mapambo tu. Njia yake inaonyesha kwamba elimu ya wadudu waharibifu ilisafiri na mazao ya biashara: karatasi, nazi, pamba. Mtaalamu alitumwa palipokuwa na zao lenye bei.

Hapa pana pingamizi la kwanza, nalo ni zito. Blais mwenyewe, katika makala yake ya mwaka 1983, alihitimisha kwamba milipuko ya karne ya 20, iliyoanza karibu 1910, 1940 na 1970, ilikuwa mikubwa na mikali kuliko ya zamani, ikifuatana kwa karibu zaidi. Kama ni hivyo, basi kuna kitu kilichobadilika nje ya daftari la mhasibu. Lakini tazama sababu alizozitoa: ukataji uliochukua sprusi na misonobari na kuiachia firi nafasi, uzimaji wa mioto iliyokuwa ikivunja misitu mikubwa ya firi, na upuliziaji wa sumu uliokinga chakula cha kiwavi. Zote tatu ni kazi ya watu waliokuwa wakivuna au kuilinda bidhaa. Tena, kumbukumbu ndefu za boriti na masalia ya miti zimelegeza hoja yake kidogo, kwa kuwa zinaonyesha milipuko mikubwa hata katika karne ambazo shoka lilikuwa halijafika. Nikisoma ushahidi wote pamoja, naona mzunguko ni wa asili na ukubwa wake wa karne iliyopita umesaidiwa na binadamu, ingawa ni kwa kiasi gani, hapo wataalamu wanaendelea kuvutana. Hakuna popote katika ushahidi huo panapomrudisha mvamizi.

Mlipuko wa mwisho wa miaka ya 1940 ulikutana na vitu viwili vipya: DDT, iliyotoka vitani ikiwa na sifa ya kuokoa majeshi dhidi ya chawa na malaria, na marubani waliokuwa hawana kazi. Mwaka 1952 serikali ya New Brunswick na makampuni ya karatasi waliunda kampuni ya pamoja, Forest Protection Limited, na kuanza kupulizia msitu kutoka angani. Baadaye walinunua ndege za Avenger, zilizoundwa kubeba topido za kuzamishia meli, wakazijaza dawa. Azma ilikuwa kuziweka firi hai mpaka viwanda viweze kuzivuna. Na hili waendeshaji walilisema wazi, wala hawakudai kumfuta mdudu.

Mwezi Juni 1954 ndege zilipita juu ya tawi la kaskazini-magharibi la mto Miramichi, mmoja wa mito mashuhuri ya samaki aina ya samoni katika Atlantiki. Kwa bahati, wanasayansi wa uvuvi walikuwa tayari wanahesabu samaki wa mto huo tangu mwaka 1950, hivyo hasara iliweza kupimwa. Wadudu wa majini, chakula cha samaki wachanga, walitoweka, na katika vituo vya hesabu hakuonekana karibu samoni yeyote aliyeanguliwa msimu ule. Mwandishi Rachel Carson aliitumia habari hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1962, na Miramichi ikajulikana duniani. Mwitikio wa waendeshaji unafundisha zaidi kuliko ajali yenyewe. Kando ya mito walibadilisha dawa, wakaleta fosfamidoni isiyodhuru sana samaki. Ikaua ndege, wale ndege wadogo wala wadudu ambao idadi yao hupanda pamoja na ya viwavi na ambao ni sehemu ya breki za mzunguko. Ikaletwa fenitrothioni. Nyuki wakapungua, mavuno ya beri za buluu yakaanguka, na mwaka 1976 wakulima wa beri walishinda kesi ya fidia mahakamani. Wazazi nao walipigwa na hofu pale watafiti wa Halifax walipohisi kwamba viyeyusho vya dawa vingeweza kuchangia ugonjwa adimu wa watoto. Uhusiano huo haukuthibitishwa, lakini imani ya watu ilikwishavunjika. Kila badiliko la dawa lilimwondolea hatari kiumbe mmoja mwenye wakili na kuihamishia kwa asiye naye. Samoni alikuwa na wavuvi matajiri, nyuki wakapata wakulima. Ndege walikaa bila mtetezi kwa muda mrefu zaidi.

Je, upuliziaji ulibadilisha mzunguko? C. S. Holling, katika makala maarufu ya mwaka 1973 kuhusu ustahimilivu wa mifumo ya asili, alimtumia kiwavi huyu kama mfano, na wengi waliomfuata walihitimisha kwamba sumu iliuweka msitu wa New Brunswick katika mlipuko wa kudumu: majani yanaokolewa, kwa hiyo chakula hakimaliziki, kwa hiyo viwavi hawatoweki. Ni hoja tamu kwa mtu wa msimamo wangu, na ndiyo sababu haifai kumezwa nzima. Mwaka 1984 Tomoo Royama alipitia takwimu zilezile na kuonyesha kwamba idadi ilipanda na kushuka kwa mwendo wa polepole unaoendeshwa na maadui wa asili na magonjwa, palipopuliziwa na pasipopuliziwa. Royama akiwa sahihi, basi ndege zote zile hazikurefusha mlipuko wala kuukatisha; zilinunua majani. Majani hayo yalikuwa na thamani kwa yule tu aliyekuwa anasubiri kukata.

Na hapa ndipo linapoingia pingamizi zito kuliko yote, lile la kazi na mkate. Mwaka 1976, wakati zaidi ya hekta milioni 3 za New Brunswick zilipuliziwa katika msimu mmoja, jopo lililoongozwa na Baskerville lilipima njia mbadala. Yule aliyemsifu kiwavi kama bwana misitu ndiye aliyeonyesha kwamba upuliziaji ukikoma, viwanda vitakosa magogo ya kutosha kwa miongo, na miji iliyojengwa kuvizunguka itaanguka navyo. Hakuna mgongano hapo. Baskerville alielewa kwamba msitu ungejiponya na kwamba viwanda havingeweza kusubiri, na aliyasema yote mawili bila kuficha. Anayebishana nami kwa kusema watu walihitaji ujira anathibitisha hoja yangu badala ya kuivunja. Sisemi uamuzi ulikuwa wa kijinga. Nasema ulikuwa uamuzi wa kiuchumi uliovalishwa sare ya ulinzi wa taifa, na sare hiyo ilizuia kwa miaka mingi swali la kawaida la biashara yoyote: nani analipa, na nani anapata?

Jirani wa New Brunswick, jimbo la Nova Scotia, alitoa jaribio ambalo mwanahistoria angetamani kila mjadala uwe nalo. Nondo waliosafirishwa na upepo walifika nyanda za juu za Cape Breton katikati ya miaka ya 1970. Kampuni ya karatasi iliyomilikiwa na Wasweden iliomba kupulizia; serikali ilikubali, kisha mwaka 1976, baada ya upinzani wa wakazi, miongoni mwao kijana Elizabeth May aliyekuja kuwa kiongozi wa chama cha Kijani cha Kanada, ikakataa. Mlipuko ulijimaliza wenyewe mwanzoni mwa miaka ya 1980. Firi nyingi sana za nyanda hizo zilikufa, na kampuni ilikata haraka kadiri ilivyoweza ili kuokoa magogo yaliyokauka. Wapinzani wa dawa hupenda kusema kwamba miche iliinuka na msitu ukarudi. Sehemu kubwa ilirudi, kweli. Ndani ya hifadhi ya taifa, hata hivyo, kulungu wakubwa waitwao muzi, walioletwa huko miaka ya 1940 na wasiowindwa, walinenepa kwa chipukizi laini za baada ya mlipuko, wakaongezeka mno na kutafuna miche mpaka mahali pengi pakageuka nyasi tupu. Msitu unaojiponya unahitaji sehemu zake zote ziwepo, na katika karne ya 20 hazikuwepo zote. Mbwamwitu walikuwa wamekwisha kitambo.

Mlipuko wa sasa ulianza Quebec mwaka 2006, upande wa kaskazini wa mto Saint Lawrence, na umekwishagusa zaidi ya hekta milioni 10. Quebec hupulizia bakteria Bt, inayodhuru viwavi bila kugusa samaki wala ndege, na hupulizia tu misitu iliyochaguliwa ili ibaki hai. New Brunswick imechukua njia nyingine tangu 2014: kusaka vituo ambako idadi inaanza kupanda na kuviwahi kabla havijaungana. Hadi sasa misitu ya firi ya jimbo hilo imesalimika kwa kiasi ambacho hata wenye shaka wanapaswa kukiri, ingawa mzunguko wa miongo mitatu hauhukumiwi kwa miaka kumi.

Mtu angeweza kuniuliza hapa: ikiwa bei ya mti ndiyo iliyoamua, kwa nini ndege zinaruka bado, wakati karatasi ya magazeti imeporomoka na viwanda vya Bathurst, Miramichi na Dalhousie vilifungwa kati ya 2005 na 2008? Jibu la kwanza ni mbao za ujenzi, ambazo bado zinauzwa Marekani na zimekwishapangiwa mavuno miongo mingi mbele. La pili ni jipya zaidi. Firi iliyosimama sasa inahesabiwa kama ghala la kaboni, na watafiti wa Kanada wamekadiria kwamba mlipuko mkubwa unaweza kuugeuza msitu kutoka kunyonya hewa ya ukaa hadi kuitoa. Kwa hiyo mti uliokuwa takataka mwaka 1850 na rojo mwaka 1920 umepata mnunuzi wa tatu, ambaye hataki hata ukatwe. Ikiwa mnunuzi huyo atalipa vizuri, sababu za kumpiga kiwavi zitakuwa nyingi kuliko zilivyopata kuwa wakati wa DDT, na safari hii zitatolewa na watu ambao katika miaka ya 1970 wangekuwa upande wa wakazi wa Cape Breton waliopinga dawa.